Maziwa yanatoka na huna mimba: mambo ya kuzingatia kabla hujaenda kwa daktari

Pima mimba kwanza, hata kama una uhakika huna, kipimo cha mkojo ni bei ndogo na hospitali watakitaka tu. Andika tarehe ya hedhi ya mwisho. Na acha kukamua! Wengi wanaminya kila saa kuangalia kama yamekauka, na kule kuminya ndo kunaufanya ubongo uzidi kumwaga prolaktini, homoni ya maziwa, hayakauki ng'o.

Sasa hili mlishike. Beba dawa ZOTE unazotumia na pakiti zake, hata ulizojinunulia bila cheti. Binti wa mama mdogo wangu yalimwanza akiwa chuo, hedhi ikapotea, nyumbani wakamkalisha mbele ya mashangazi, sema mimba umeitolea wapi. Mtoto analia, anaapa, hakuna wa kumsikiliza, akapelekwa kuombewa, kumbe tumbo lilikuwa linamsumbua siku nyingi na anameza metoklopramidi ya kichefuchefu kila siku, aliandikiwa ya siku chache akawa anaendelea kujinunulia. Nesi mmoja ndo akamwambia hebu toa kila kitu kwenye mkoba, ile pakiti ikaonekana. Dawa ile inazuia dopamini, kemikali ya ubongo, na dopamini ndo breki ya prolaktini. Ilivyosimamishwa maziwa yakakauka, hedhi ikarudi, ila na mama yake mpaka leo hawako sawa.

Domperidoni, dawa nyingine ya kichefuchefu, ni hivyo hivyo, na dawa za akili kama haloperidoli na risperidoni. Hizo za akili USIZIACHE mwenyewe, rudi kwa aliyekuandikia akubadilishie au apunguze, ukikata ghafla ugonjwa unaweza kurudi vibaya.

Ukifika ulizia kipimo cha prolaktini na cha tezi ya shingoni, maana tezi ikifanya kazi chini ya kiwango nayo inaleta maziwa. Kabla ya kutolewa damu kaa utulie, wasiwasi na mbio za daladala vinapandisha majibu. Kama kichwa kinauma na macho hayaoni vizuri pembeni usisubiri, inaweza kuwa uvimbe kwenye tezi iliyo chini ya ubongo, na mara nyingi unatibika kwa vidonge vya kabergolini bila kupasuliwa. Yakitoka titi moja tu, au yana damu, au unagusa kivimbe, nenda wiki hii hii wakuchunguze saratani. Wanaume nanyi likiwatokea msifiche, nendeni.