Kuunda ELIZA Inayozungumza Kiswahili, Hatua kwa Hatua

Mwongozo huu umetokana na kazi ya kumsaidia mwanafunzi mmoja wa chuo aliyetaka kuijenga upya ELIZA, programu ya mazungumzo ambayo Joseph Weizenbaum wa chuo kikuu cha MIT, Marekani, aliichapishia makala mwaka 1966, lakini kwa sharti kwamba izungumze Kiswahili. Nia hiyo inakubaliana kabisa na ujenzi wa asili. Weizenbaum alitenganisha injini na hati: injini ilifuata kanuni tu, na maneno yote ya lugha yalikaa katika hati iliyosomwa kama data, kiasi kwamba katika makala hiyo alitaja hati za Kijerumani na Kiwelisi zilizokuwa tayari zipo.

Hatua ya kwanza: zana

Tumia lugha ya programu ya Python na moduli yake ya `re`, inayotafuta ruwaza (mifumo ya herufi) ndani ya maandishi, pamoja na faili moja ya maandishi kwa ajili ya hati. Sipendekezi maktaba kubwa za kuundia chatboti, kwa kuwa zinakuficha kile hasa unachotaka kujifunza, na programu hii ilitosha kwenye kompyuta ya IBM 7094 ya miaka ya 1960.

Hatua ya pili: hati

Hati maarufu ya Weizenbaum, DOCTOR, iliigiza mtaalamu wa tiba ya nafsi wa mkondo wa mwanasaikolojia Carl Rogers, ambaye humrudishia mgonjwa maneno yake kwa njia ya swali. Uhusika huo ulichaguliwa kwa sababu katika mazungumzo ya aina hiyo upande mmoja unaweza kujifanya haujui karibu chochote kuhusu dunia, na mwenzake asishangae. Baki nao.

Kila neno kuu (mama, ndoto, daima, samahani) lipewe daraja (lenye daraja la juu hujibiwa kwanza), ruwaza ya kuchambulia sentensi, na majibu kadhaa yanayopokezana. Katika DOCTOR neno la kompyuta lilipewa daraja 50, kwani anayelitaja mbele ya mashine huenda anaisema mashine yenyewe.

Hatua ya tatu: kugeuza nafsi

Hapa ndipo kazi ilipo. Katika Kiingereza nafsi hukaa katika maneno yanayojitegemea, kwa hiyo orodha fupi ya kubadilishana inatosha. Kiswahili huiweka nafsi ndani ya kitenzi, na mara nyingi nafsi mbili kwa pamoja: mtu akiandika “baba yangu alinifukuza”, programu inapaswa kuuliza “Unadhani kwa nini baba yako alikufukuza?”

Kata sentensi iwe maneno na uligeuze kila neno mara moja tu. Ukigeuza ni- kuwa u- katika sentensi nzima, kisha ukageuza u- kuwa ni-, utarudi ulikoanzia.

Kwa kiambishi cha mtenda, ruwaza `^ni(na|li|me|ta|ki|ka|nge)(.+)` ni salama, kwa kuwa inadai kiambishi cha njeo (cha wakati, kama -na- au -li-) baada ya ni-. Usiilegeze, la sivyo “nia” itakuwa “ua” na “nidhamu” itakuwa “udhamu”. Maumbo kama “niende” na “niseme” hayatanaswa. Yaorodheshe kwa mkono.

Ukanushi una mitego zaidi. Kanuni ya si- kuwa hu- inageuza “sitaki” kuwa “hutaki” vizuri, lakini inageuza pia “siri” kuwa “huri”, na “simanzi”, neno ambalo mwenye huzuni ataliandika mapema, kuwa “humanzi”. Hata ukidai njeo, “sikukuu” itapenya kama kwamba ni kitenzi cha wakati uliopita. Dawa ni orodha ya maneno yasiyoguswa, inayosomwa kabla ya kanuni yoyote.

Vimilikishi viandike kimoja kimoja: wangu, yangu, langu, changu, zangu na wenzao. Anayetegemea mwisho wa -angu peke yake atageuza “tangu” kuwa “tako”, na mgonjwa hatarudi.

Kiambishi cha mtendwa kina pande mbili. Kutoka -ni- kwenda -ku- mambo ni mepesi: “wananichukia” inakuwa “wanakuchukia”. Kutoka -ku- kwenda -ni- ni balaa. “Ninakupenda” inakuwa “unanipenda” barabara, ila kanuni hiyohiyo inageuza “nilikuja” kuwa “ulinija”, “nilikuwa” kuwa “uliniwa”, na “ninakumbuka” kuwa “unanimbuka”. Katika vitenzi vya silabi moja, ku- hubaki hata kitenzi kinapochukua njeo kama -na-, -li- au -ta-, na katika -kumbuka, -kuta na -kubali ni sehemu ya mzizi. Watu hufanya juhudi ya kuandika ruwaza moja itakayotofautisha hayo yote. Mimi nashauri waiache. Geuza -ku- kwa vitenzi ulivyoviorodhesha tu, hasa vile ambavyo mtu huielekezea mashine: -penda, -chukia, -ambia, -uliza, -amini, -elewa.

Hatimaye kuna u-, ambayo si ya nafsi ya pili peke yake. Katika “moyo unaniuma” ni ya ngeli ya moyo, na jibu ni “moyo unakuuma”, si “moyo ninakuuma”. Kwa hiyo igeuze kuwa ni- pale tu sentensi inapoanza na kitenzi chenyewe, kama “ulinidanganya”, au kitenzi kinapotanguliwa na “wewe”.

Hatua ya nne: kumbukumbu

Hifadhi sentensi zenye kimilikishi cha nafsi ya kwanza zikiwa zimekwisha kugeuzwa, uzitumie pale ambapo sentensi mpya haina neno kuu lolote: “Awali ulisema kuhusu mama yako.” Weizenbaum alifanya hivyo, na hila hii huwavutia watumiaji kuliko nyingine zote.

Hatua ya tano: majaribio

Pitisha kwanza mifano yote ya hatua ya tatu. Kisha, kabla ya kumpa mtu mwingine programu, zima uhifadhi wa mazungumzo kwenye diski. Weizenbaum alisimulia kwamba katibu wake, aliyekuwa amemwona akiiunda ELIZA kwa miezi, alianza kuongea nayo na baada ya muda mfupi akamwomba atoke chumbani. Watakaoijaribu ya kwako nao wataandika mambo ya ndani, kwa hiyo kumbukumbu ya hatua ya nne ibaki katika RAM (hifadhi ya muda ya kompyuta) na ifutike programu inapofungwa.