Tambi za Kithai zenye pilipili, bila nyama, kwa vitu vya soko la Tabora

Chakula hiki kinakaa motoni chini ya dakika kumi. Kazi kubwa iko kabla ya hapo, kwenye kibao na kinu. Nakipika nyumbani na nakiuza hapa Tabora mjini. Wateja wake wakubwa ni wanafunzi, na Kwaresima ikiingia wanaongezeka. Wapo pia Wasabato wasiogusa nyama mwaka mzima. Swali ninaloulizwa kila mara ni, "Mama, hivi vitu vya Kithai unaagiza Dar?" Ninachoagiza ni tambi za mchele na sosi ya soya tu. Vingine vyote viko Soko Kuu, na asali yetu siibadilishi na sukari ya mnazi wala ya mtende.

Thailand wana tambi za kukaanga za namna nyingi. Pad thai ina uchachu wa ukwaju, utamu na karanga. Pad kee mao ni ya pilipili, kitunguu saumu na majani ya rehani ya kwao. Mimi nimechukua ukwaju na karanga za ile ya kwanza, nikaweka ukali wa ile ya pili. Mthai akiiona atakuwa na la kusema, na haki yake. Ila tambi zenyewe hazina ladha, kwa hiyo kila kitu kinategemea sosi: chumvi, uchachu, utamu na ukali, vyote vinne visikike mdomoni, kimoja kisimeze vingine.

Vitu vya watu wawili

Tambi za mchele kavu, bapa, gramu 200
Uyoga, viganja viwili
Karoti 1, hoho 1, kitunguu maji 1, kabichi kiganja kimoja, vitunguu majani vichache
Kitunguu saumu punje 4, tangawizi kipande cha ukubwa wa kidole gumba
Pilipili kichaa 4 hadi 6
Sosi ya soya vijiko 3 vya chakula
Ukwaju, donge la ukubwa wa yai
Asali kijiko 1 na nusu cha chakula
Karanga kiganja kimoja, ndimu 1, giligilani
Mafuta ya alizeti vijiko 3
Mayai 2, kama unakula mayai

Mawese ya Kigoma nayapenda kwenye maharage na kwenye kisamvu, lakini hapa yaache. Rangi yake na harufu yake zitafunika kila kitu.

Hatua ya 1: Sosi

Anza na sosi, maana unaweza kuionja ikiwa baridi na kuirekebisha bila haraka. Loweka ukwaju kwenye nusu kikombe cha maji ya moto kwa dakika kumi, uufinye kwa vidole mpaka nyama iachane na kokwa na nyuzi, kisha chuja. Unataka rojo zito kama uji mwepesi, vijiko vitatu au vinne. Changanya na sosi ya soya na asali, koroga mpaka asali iyeyuke yote.

Sasa onja. Kwanza ulimi ukute chumvi, uchachu ufuate upande wa mashavu, utamu uje mwisho. Iwe kali kidogo kuliko unavyotaka, kwa sababu tambi zitaipunguza. Asali ya miombo inayotoka Sikonge na kwingineko mkoani mara nyingi ni nyeusi na nzito, ina kaladha ka moshi, kwa hiyo usimimine kwa jicho. Ongeza nusu kijiko kwa nusu kijiko. Asiyekula asali kwa sababu inatoka kwa nyuki atumie sukari guru, kiasi kilekile, ikiwa imesagwa.

Thailand wangeweka hapa sosi ya samaki, ndiyo chumvi yao ya kila siku. Sisi tunaweka soya kwa kuwa chakula hiki hakina nyama ya mnyama wa majini wala wa nchi kavu. Soma chupa kabla ya kununua: sosi ya chaza inafanana sana na ya soya, na madukani zinakaa rafu moja. Hivyohivyo na vile vikaratasi vya viungo ndani ya tambi za pakiti. Vingi vina ladha ya kuku. Ukitumia tambi za pakiti, vitupe.

Hatua ya 2: Tambi

Tambi za mchele hazichemshwi kwa pishi hili. Ziweke kwenye bakuli, mimina maji ya vuguvugu yazifunike, subiri dakika 25 hadi 30. Zinakuwa tayari zikijikunja kidoleni bila kukatika, lakini ukiing'ata moja unakuta bado ina kiini kigumu. Hapo mwaga maji, ziache kwenye chujio. Ugumu uliobaki utaisha kwenye karai. Watu wengi huzichemsha mpaka ziive, halafu wanashangaa kupata uji.

Zikikosekana, chukua spageti nyembamba, ichemshe kwa dakika mbili pungufu ya zilizoandikwa kwenye pakiti, isuuze kwa maji ya baridi na uipake mafuta kidogo. Haitakuwa ileile. Italiwa ikaisha.

Hatua ya 3: Uyoga

Mvua zikianza kuchanganya, kati ya Novemba na Aprili, uyoga wa porini unaletwa mjini kwa ndoo na mabeseni, na huo ndio nyama ya chakula hiki. Nunua kwa mama unayemfahamu, anayeuza msimu hadi msimu, tena uwe aina unayoijua. Usiokote mwenyewe kama hukukulia kwenye kazi hiyo. Kuchemsha hakuondoi sumu ya uyoga mbaya, na ile habari ya kuweka kitunguu sufuriani uone kama kitabadilika rangi ni hadithi tu. Mvua zikikatika, tumia uliokaushwa, ambao unalowekwa saa nzima, au wa kulimwa.

Uyoga wa porini una mchanga kwenye mikunjo ya chini. Uoshe mara tatu, ukiinua uyoga kutoka kwenye maji, siyo kumwaga maji juu yake, maana mchanga umetulia chini. Uchane kwa mkono kwa urefu, uchemshe dakika kumi, uchuje, kisha uukamue kwa nguvu. Ukiingia kwenye karai na maji yake, utachemsha chakula chote badala ya kukikaanga.

Hatua ya 4: Kibao na kinu

Karoti na hoho kata njiti nyembamba, kitunguu vipande virefu, kabichi nyuzi. Twanga pamoja kitunguu saumu, tangawizi na pilipili, visagike nusu tu.

Kuhusu pilipili: tumia kichaa, siyo mbuzi. Mbuzi ina harufu yake nzuri kwenye samaki na kwenye kachumbari, lakini hapa inatawala. Kichaa inafanana sana na pilipili ndogo wanayotumia Wathai. Wao na sisi wote tuliletewa. Asili ya pilipili ni Amerika, na Wareno ndio waliozisambaza sana huku Afrika na Asia kuanzia karne ya 16.

Karanga zikaange bila mafuta mpaka maganda yachubuke, zipepete, ziponde ziwe chengachenga. Usizisage, siyo za kuungia mboga.

Hatua ya 5: Moto

Panga kila kitu pembeni ya jiko kwa mfuatano wa kuingia. Ukishaanza hutapata nafasi ya kutafuta kijiko.

Jiko la mkaa linafaa kuliko watu wanavyodhani. Pepea mpaka mkaa wote uwe mwekundu na moshi uishe. Wa mtungi mdogo wa gesi wafungulie moto wote na wapike sahani moja moja. Hata kwenye mkaa sipiki zaidi ya sahani mbili kwa mkupuo. Ukijaza karai linapoa, mboga zinatoa maji, na tambi zinagandana. Wageni wakiwa sita, pika mara tatu.

Weka karai la chuma likavu motoni. Tone la maji likidondoka, likakimbia na kukauka palepale, weka mafuta. Tia uyoga, usiuguse kwa dakika moja ili ushike rangi ya kahawia, geuza, usogeze pembeni. Mimina ulichotwanga kwenye mafuta yaliyobaki na uhesabu hadi kumi na tano. Hapa nyumba nzima itakohoa. Fungua dirisha mapema na watoto watoke nje. Usisubiri kitunguu saumu kiwe kahawia, kitakuwa kichungu.

Tia kitunguu, karoti, kabichi, kisha hoho. Dakika mbili, huku ukigeuza bila kupumzika. Kama unaweka mayai, sukuma mboga upande, yapasue kwenye nafasi iliyobaki, yavuruge yakiwa bado laini.

Sasa tambi zote, na sosi yote juu yake. Tumia mwiko na uma, unainua na kuachia, unainua na kuachia. Ukikoroga kama ugali zitakatika. Mwanzoni utaona sosi imetuama chini na tambi ni nyeupe. Baada ya dakika moja hivi zinaanza kuivuta, rangi inashuka hadi kahawia ya dhahabu, na mlio wa karai unabadilika kutoka kuchemka kuwa kuchatachata. Onja uzi mmoja. Kama bado una kiini, nyunyiza vijiko viwili vya maji pembezoni mwa karai na ugeuze tena. Asali ikianza kushika chini, ipua. Ikipita hapo inaungua.

Hatua ya 6: Kupakua

Tupia vitunguu majani na nusu ya karanga, geuza mara moja, pakua. Karanga zilizobaki, giligilani na kipande cha ndimu vikae juu ya sahani, kila mtu akamue mwenyewe. Ukiwa na rehani bustanini, chana majani machache uyatie wakati wa kuipua, siyo kabla.

Kiporo

Tambi za mchele zikilala zinakakamaa. Kesho yake usizipashe kavu: weka karai motoni na mafuta kidogo, tia tambi, nyunyiza maji, funika dakika moja, halafu funua na uzigeuze. Anayebeba kwenda kazini abebe karanga na ndimu kwenye kimfuko cha pembeni, maana zikichanganywa asubuhi, mchana karanga zimeshalainika.