Kabichi ya berbere kwenye karai la moto

Hapa nachanganya upishi wa Kiethiopia na wa Kichina. Kabichi nanunua soko la Mwanjelwa, Mbeya, iliyofunga na nzito, pamoja na karoti. Lakini roho ya upishi wa Kiethiopia ni vitunguu: katakata viwili vidogo vidogo, kaanga bila mafuta kwa moto mdogo huku ukikoroga, mpaka vilainike na kuanza kuwa kahawia. Usiharakishe hapa, tafadhali. Ndipo utie mafuta, tangawizi na kijiko cha berbere (mchanganyiko wa viungo wa Kiethiopia: pilipili kavu, uwatu, hiliki, giligilani), ikinukia, epua.

Sasa upande wa Uchina. Karai lingine, moto mkali, mafuta yakianza kufuka tupia kitunguu saumu, karoti, kabichi. Geuza haraka dakika 3; kabichi ibaki ngumu kidogo. Changanya vyote, nyunyiza soya sosi, onja kabla ya kuongeza chumvi. Mimi nakula na wali wa Kyela.