SOMO: Kabla hujafungua kesi, hakikisha mahakama hiyo ina mamlaka ya kuisikiliza

Wakuu, swali hili nimelijibu faragha hadi nimechoka: "Kesi yangu imeondolewa, hakimu anasema hana mamlaka. Nimeonewa?" Mara nyingi hukuonewa. Ulibisha hodi kwenye nyumba isiyo yako. Naandika hapa mara moja, kwa sheria za Tanzania Bara, na atakayeuliza tena nitamwelekeza huku.

Msingi wa yote ni huu: mahakama haijipi mamlaka. Kila mahakama imeundwa na Katiba au sheria ya Bunge, na inafanya yale tu iliyopewa. Madai yako yanaweza kuwa ya haki, ushahidi ukawa mezani na hakimu akawa mwadilifu, lakini kama hakuwa na mamlaka, hukumu yake ni batili. Hoja hiyo inaweza kuibuliwa hata kwenye rufaa. Mahakama ya Rufani ikiiona, inafuta mwenendo wote, yaani yote yaliyofanyika kwenye kesi, kuanzia ukurasa wa kwanza, na watu wanarudi kuanza upya wakati mashahidi wengine wameshafariki. Inauma sana, na dawa yake ilikuwa nusu saa ya kuuliza mapema.

Namba za vifungu sizitaji, maana Toleo la 2023 la sheria zetu limehamisha nyingi. Za Katiba nitazitaja.

Hatua ya 1. Jua mgogoro wako ni wa nini. Ardhi, ajira, ndoa, mirathi, kodi, deni: kila kimoja kina njia yake.

Hatua ya 2. Angalia kama kuna chombo cha kupitia kwanza. Ajira inaanzia Tume ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA): siku 30 kama umeachishwa kazi, siku 60 kwa migogoro mingine. Ardhi inapita kwanza Baraza la Kata kwa usuluhishi, kisha Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Tangu marekebisho ya 2021 Baraza la Kata halitoi tena hukumu ya ardhi, linasuluhisha tu. Likishindwa ndani ya siku 30 unaruhusiwa kusonga mbele. Talaka inahitaji cheti cha baraza la usuluhishi wa ndoa kwamba limeshindwa kuwapatanisha, isipokuwa katika hali chache zilizotajwa na sheria. Kodi inaanza na pingamizi kwa Kamishna, halafu Bodi ya Rufani za Kodi, halafu Baraza la Rufani za Kodi.

Hatua ya 3. Thamani ya madai. Hapa tulieni, someni polepole.

Kwa viwango vya marekebisho ya 2016, madai ya kawaida ya fedha yasiyozidi shilingi milioni 30 ni ya Mahakama ya Mwanzo. Juu ya hapo hadi milioni 200 ni Mahakama ya Wilaya au ya Hakimu Mkazi. Zaidi ya hapo, Mahakama Kuu. Kwa ardhi, Baraza la Wilaya linaishia milioni 300 pale unapodai kurudishiwa mali yenyewe. Na sheria inataka uanzie ngazi ya chini kabisa yenye uwezo wa kusikiliza shauri lako.

Kesi nyingi zinafia hapa, kwa namna hii. Mtu anadai milioni 12 za saruji aliyokopesha. Anataka "mahakama kubwa", au anataka kumtisha mdaiwa, basi anaongeza fidia ya jumla ya milioni 250 kwa usumbufu na kudhalilishwa, anakwenda Mahakama Kuu. Haikubaliki. Fidia ya jumla anaipanga hakimu au jaji kwa busara yake baada ya kusikiliza. Si wewe unayeiwekea bei. Kinachopima mamlaka ni dai lenyewe mahususi, yaani zile milioni 12. Mahakama ya Rufani ililiweka wazi hili katika kesi ya Tanzania-China Friendship Textile dhidi ya masista wa Our Lady of the Usambara, iliyochapishwa kwenye taarifa za kesi za 2006. Bado hadi leo watu wanaleta hesabu zilezile.

Tahadhari nyingine kwenye hatua hii:

Andika thamani kwa tarakimu ndani ya hati ya madai. Sentensi ya "thamani iko ndani ya mamlaka ya mahakama hii tukufu" peke yake haimsaidii hakimu kupima chochote.

Usigawe deni moja vipandevipande ili kila kipande kitoshe mahakama ndogo. Sheria inakataza. Unachoruhusiwa ni kusamehe sehemu ya dai. Unadai milioni 33 na hutaki kupanda juu? Unaweza kusamehe milioni 3 ukabaki Mahakama ya Mwanzo, lakini zile 3 usizifuate tena baadaye, zimekwenda.

Msikubaliane na mwenzako kwamba "tuendelee tu hapahapa." Makubaliano ya wadaawa hayaipi mahakama mamlaka isiyokuwa nayo. Mahakama zetu zinasema hivyo tangu kesi ya New Palace Hotel ya mwanzoni mwa miaka ya 1970, na hazijabadilika.

Hatua ya 4. Mahali. Ardhi unashtaki ilipo. Mengine, anapoishi au kufanya kazi mdaiwa, au jambo lilipotokea.

Hatua ya 5. Je, mdaiwa ni Serikali? Notisi ya siku 90 kwanza, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, naye unamuunganisha kwenye kesi. Shauri linafunguliwa Mahakama Kuu bila kujali kiasi. Tangu 2020 hii inahusu halmashauri na wakala za serikali pia, na usipomuunganisha Mwanasheria Mkuu mwenendo wote unaharibika.

Hatua ya 6. Muda. Kesi ya mkataba ifunguliwe ndani ya miaka 6, ya madhara (mtu kakuumiza au kakuharibia) miaka 3, ya ardhi miaka 12.

Hatua ya 7. Kuna vitu ambavyo hakuna mahakama ya nchi inayovigusa. Ibara ya 41(7) ya Katiba inasema mgombea akishatangazwa na Tume ya Uchaguzi kuwa Rais, hakuna mahakama yenye mamlaka ya kuchunguza kuchaguliwa kwake. Ibara ya 100 inalinda mijadala ya bungeni isihojiwe mahakamani. Ibara ya 46 inazuia Rais aliye madarakani kufunguliwa mashtaka ya jinai. Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Arusha, iliamua Julai 2020 kwamba ile 41(7) inakiuka Mkataba wa Afrika wa haki hizo. Mimi naona waliamua sawa, na ningependa kuiona Katiba ikibadilishwa. Lakini kwa jaji wa Mahakama Kuu, ibara hiyo ikiwa bado imeandikwa, mlango umefungwa.

Maswali karibuni.

---

Kijana_wa_Mbagala: Mkuu nimepitia juujuu. Namdai jamaa milioni 8, niende wapi?

Mwandishi: Hatua ya 3, mstari wa kwanza.

Kijana_wa_Mbagala: Mahakama ya Mwanzo si ya kesi ndogondogo za kugombana?

Mwandishi: Ni mahakama kamili. Milioni 8 zako zinasikilizwa pale, kwa Kiswahili, na hukumu yake inakazwa kama nyingine. Soma somo lote, ndugu.

Mama Neema: Shikamoo wakili. Halmashauri wametuwekea alama ya X kwenye nyumba, wametupa siku 7 tubomoe wenyewe. Hizo siku 90 za notisi tutazisubiria wapi, nje?

Mwandishi: Marahaba, mama. Swali zuri, na nashukuru umeliuliza kabla ya siku kuisha. Toeni notisi ya siku 90 leo, kisha mwende Mahakama Kuu na maombi ya zuio wakati notisi inaendelea. Mawakili huyaita maombi ya Mareva. Mnaomba hali ibaki kama ilivyo hadi siku 90 ziishe na kesi yenyewe ifunguliwe. Ambatisheni nakala ya notisi yenye mhuri wa kupokelewa, picha za alama, na barua ya halmashauri. Muunganisheni Mwanasheria Mkuu humo humo. Kama hamna uwezo wa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inatambua watoa msaada waliosajiliwa; ulizeni ofisi ya ustawi wa jamii wilayani wawaelekeze. Msilale na hili.

Mama Neema: Asante sana, Mungu akubariki.

Hoja_Nzito: Huu ni urasimu tu. Ibara ya 107A inasema mahakama zisifungwe na mambo ya kiufundi. Mnaua haki za watu kwa vijisababu.

Mwandishi: Isome yote. Inasema zisifungwe "kupita kiasi" na masharti ya kiufundi. Kukosea jina la fomu ni ufundi. Mtu asiye na mamlaka kuamua nyumba yako ni ya nani si ufundi hata kidogo. Ungekuwa wewe ndiye umeshindwa mbele ya chombo hicho, ungeiita vijisababu?

Hoja_Nzito: Lakini 2018 waliweka kanuni ya haki kwanza kwenye sheria ya madai.

Mwandishi: Waliweka, na Mahakama ya Rufani imesema mara nyingi kwamba kanuni hiyo haitibu ukosefu wa mamlaka. Nakubaliana nawe jambo moja: makarani wa masjala wangekuwa wanamwambia mwananchi mapema, maumivu yangepungua sana.

Mpenda_Sheria: Habari mwalimu. Mimi ni mwanafunzi. Kama mahakama inaweza kusema sheria inapingana na Katiba, kwa nini isiifute palepale? Mbona wakati mwingine wanalirudishia Bunge?

Mwandishi: Hapa umefika kwenye kiini. Ibara ya 30(5) inairuhusu Mahakama Kuu, badala ya kutangaza sheria batili, kuipa Serikali muda wa kuirekebisha. Angalia kesi ya Rebeca Gyumi kuhusu umri wa msichana kuolewa. Mwaka 2016 Mahakama Kuu ilikuta vifungu vya umri huo katika Sheria ya Ndoa vinapingana na Katiba, ikatoa mwaka mmoja virekebishwe. Serikali ilikata rufaa Mahakama ya Rufani, ikashindwa mwaka 2019. Kisha linganisha na kesi ya Mchungaji Mtikila ya mgombea binafsi: mwaka 2010 Mahakama ya Rufani ilisema suala hilo ni la kisiasa, liamuliwe na Bunge. Mahakama ileile, mara moja inashikilia uamuzi, mara nyingine inarudi nyuma. Soma hukumu zote mbili ukajiulize mpaka uko wapi. Kwa maoni yangu, kwa Mtikila walirudi nyuma mapema mno. Mahakama ya Afrika nayo mwaka 2013 iliona haki zake zilikiukwa.

Mpenda_Sheria: Nazipata wapi bila kulipia?

Mwandishi: TanzLII, tovuti ya hukumu na sheria za Tanzania, bure kabisa. Tafuta kwa jina la mdaawa mmoja na mwaka. Ukitaka kujifunza mada hii vizuri, pitia pia kesi za uhujumu uchumi: mahakama za chini hazina mamlaka hadi Mkurugenzi wa Mashtaka atoe kibali na hati ya kuzipa uwezo. Utakuta watu waliofungwa wakifutiwa mwenendo mzima kwa sababu karatasi moja haikuwepo au ilitaja kifungu kisichostahili.

Dereva_Boda: Nilifukuzwa kazi 2021, nifungue Mahakama ya Wilaya?

Mwandishi: Hapana. Hatua ya 2. Siku 30 zilishapita. Utaanza na maombi ya kuongezewa muda hapohapo CMA, na uwe na sababu ya kila kipindi cha kuchelewa. "Sikujua sheria" haitoshi.

Mjukuu: Wakili, babu alifariki hospitali Dar, lakini maisha yake yote alikuwa Moshi. Mirathi tufungue wapi?

Mwandishi: Pole kwa msiba. Alipofia si hoja. Makazi yake ya kudumu ndiyo yanayoangaliwa, kwa hiyo ni Moshi. Kabla ya kwenda Mahakama ya Mwanzo, jiulizeni babu aliishi kwa mila, kwa Uislamu, au kwa namna nyingine, kwa kuwa Mahakama ya Mwanzo inashughulikia mirathi ya kimila na ya Kiislamu tu. Kama maisha yake hayakufuata hizo, nendeni ngazi ya juu. Ndugu wengi hupinga usimamizi kwa hoja hiyohiyo baada ya mali kugawanywa.

Fundi Saruji: Mimi yamenikuta tayari. Kesi yangu imeondolewa kwa kukosa mamlaka baada ya muda mrefu. Ile miaka 6 ya mkataba si imeshaisha?

Mwandishi: Usikate tamaa. Sheria ya Ukomo inaruhusu muda uliotumika kwa nia njema na kwa bidii kwenye mahakama isiyo na mamlaka usihesabiwe. Omba nakala iliyothibitishwa ya amri ya kuondoa shauri, na uhakikishe inataja sababu kuwa ni mamlaka. Eleza tarehe za kufungua na kuondolewa ndani ya hati mpya ya madai, aya yake peke yake. Usikae nayo nyumbani ukisubiri msimu. Kila siku baada ya amri hiyo inahesabika.