Unapiga jazz Mwanza na unataka kutungia muvi? Anzia hapa

Wengi wanaoniuliza hii kitu wanaanza na laptop, mara programu gani, mara kinanda gani, mi nawaambia hivyo baadaye, kwanza jifunze kunyamaza. Sisi wa jazz tumezoea solo, zamu yako ikifika unachapa mpaka jasho, ila kwenye muvi mwenye zamu ni mwigizaji. Kazi yangu ya kwanza nilijaza tarumbeta kila mahali, dairekta akasikiliza akaniuliza taratibu, "Kaka, hivi huyu mama anasemaje hapa?" Nikafuta karibu yote.

Halafu ndo hesabu. Chukua sini hii: mama yuko Mwaloni Kirumba alfajiri anasubiri boti ya dagaa, sekunde 40, boti inagusa mchanga sekunde ya 28. Ukienda tempo 90, yaani mapigo 90 kwa dakika, zidisha 28 kwa 90 gawa kwa 60, unapata mapigo 42, maana yake boti inafika kwenye pigo la tatu la baa ya 11 (baa moja ni fungu la mapigo manne), inapwaya. Shusha mpaka 86 hivi, mapigo yanakuwa 40, boti inatua kwenye pigo la kwanza la baa ya 11 kabisaa. Hapo noti moja ya besi inatosha, tarumbeta iweke chini.

Najua utaniambia Miles Davis, yule mpiga tarumbeta wa jazz wa Marekani, Desemba 1957 kule Paris, aliangalia vipande vya filamu akapiga papo hapo na wenzake. Ni kweli, ila chord chache alishakuja nazo, na yule ni Miles bana.

Usitunge kabla edita hajafunga picha, yaani hajamaliza kabisa kukata, akikata sekunde mbili tu hesabu yako imekwenda na maji.

Zoezi: nenda kivuko cha Kamanga, rekodi video ya dakika moja kwa simu, zima sauti, itungie mara tatu kwa tempo tofauti uone sura za watu zinavyobadilika.

Ukituma kazi, tuma faili la sauti la WAV la kilohezi 48, sio 44.1 ya CD, kila chombo na faili lake, anayemiksi aweze kushusha tarumbeta mtu akiongea.

Hela chukua nusu kabla, kazi isajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki Tanzania, na hata dairekta awe mshkaji wako muandikishane nani anabaki na haki ya muziki, la sivyo siku unataka kuupiga na bendi yako huenda ikabidi umuombe ruhusa.