Somo: Kupanda na kutunza antirinamu

Antirinamu ndilo lile ua ambalo ukilibana mashavuni kwa vidole viwili linafunua kinywa, ukiliachia linafumba. Hupenda jua, ila si joto kali.

Hatua ya 1: Kusia. Mbegu ni ndogo kama vumbi na zinahitaji mwanga ili ziote, kwa hiyo usizifukie. Zichanganye na mchanga mkavu, nyunyiza kwenye trei, juu ya udongo laini uliokwisha kuloa, kisha gandamiza kwa kiganja, basi. Ukimwagilia kwa juu utazisomba. Tia trei kwenye beseni lenye maji kidogo, udongo unyonye kutoka chini. Kwenye nyuzi joto 18 hadi 21 zitaota ndani ya wiki mbili hivi.

Hatua ya 2: Kuhamisha. Udongo usiotuamisha maji, mboji kiasi, nafasi ya sentimita 20 hadi 30.

Hatua ya 3: Kukata kilele. Hapa ndipo wengi huingiwa na huruma. Mche ukifika sentimita 8 hadi 10, kata ncha juu ya jozi ya tatu au ya nne ya majani. Ukiuacha, nguvu zote zinaishia kwenye bua moja. Ukiukata, vichipukizi vilivyolala kwenye makwapa ya majani vinaamka, na kila kimoja kinabeba maua yake. Utachelewa kuona ua la kwanza, lakini inalipa.

Hatua ya 4: Matunzo. Mwagilia shinani, asubuhi. Bua lililochakaa likate kabla halijafunga mbegu.

Maswali ya wanachama

Swali: Mwalimu, chini ya majani kuna vipele vyenye unga wa kahawia, ukigusa unabaki kidoleni.

Jibu: Hiyo ni kutu, ugonjwa wa ukungu. Ondoa majani hayo na usiyatupe kwenye mboji. Miche ikae mbalimbali, upepo upite. Ikienea, ng'oa, na msimu ujao panda mahali pengine.

Swali: Zangu zimegoma kuchanua tangu joto lianze. Nizing'oe?

Jibu: Hapana ndugu. Zipunguze, uziache na theluthi moja ya urefu, endelea kumwagilia. Ubaridi ukirudi zitachanua tena.

Swali: Za kuweka ndani nikate lini?

Jibu: Maua ya theluthi ya chini yakishafunguka. Yasimamishe wima, maana ukiyalaza ncha hujipinda kwenda juu. Na usiyaweke karibu na matunda yanayoiva. Gesi ya matunda hayo hupukutisha maua.