Nyumba Inapokutia Hofu: Uanzie Wapi

Mtu anapoanza kuiogopa nyumba yake mwenyewe, kwa kawaida hutafuta wa kumlaumu, awe jirani waliyenuniana, mkwe, au mpangaji aliyetangulia. Kabla hujafika huko, ichunguze nyumba.

Tenga daftari, na kwa muda wa wiki moja uandike saa, chumba na hali ya hewa kila hofu inapokujia. Vishindo vya darini vinavyoanza jua likichwa na kukoma usiku ukishapoa, mara nyingi ni mabati yanayosinyaa baada ya kutanuka kwa joto la mchana. Sauti ya mtoto mchanga anayelia mwembeni yaweza kuwa ya komba.

La haraka zaidi ni jiko la mkaa. Wengi hungoja liache kutoa moshi ndipo huliingiza chumbani, madirisha yakiwa yamefungwa kwa sababu ya baridi, wakidhani hatari imekwisha, ilhali mkaa uliokolea huendelea kutoa kaboni monoksidi, gesi isiyo na rangi wala harufu, ambayo hung'ang'ania damu kwa nguvu inayoizidi oksijeni zaidi ya mara 200. Mwaka 1921 daktari wa macho wa Marekani, William Wilmer, alichapisha kisa cha familia iliyosikia nyayo na kuona watu wasiokuwapo, kumbe tanuri la kupashia nyumba joto lilikuwa bovu. Basi jiulize kama mnaumwa kichwa na kuona kizunguzungu mkiwa ndani, kisha mkapata nafuu mkitoka. Ikiwa ndivyo, tokeni nje nyote mara moja, mwende hospitali, na jiko lisiingie tena chumbani.

Ukizinduka usiku huwezi kujigeuza, kifua kimeelemewa, hilo ni jinamizi: akili imeamka, misuli bado imelala. Humpata zaidi alalaye chali na aliyekosa usingizi, kwa hiyo lala ubavu na ushike saa zako za kulala. Asomaye dua kabla ya kulala aendelee kuisoma. Sina ugomvi naye.

Mwisho, lisome daftari lako upya, utazame hofu inaanza nani anapoingia. Ikiwa kila jioni inaanza mtu fulani wa nyumbani anapobisha hodi, dari na jiko havihusiki; mweleze ndugu unayemwamini, na ukiwa Tanzania, nenda kituo cha polisi uulizie Dawati la Jinsia na Watoto.